Mjane wa Mnara, Sehemu ya Pili

Mkono ulipotoka kwenye pazia, sinema nzima iliinama. Wanaume waliokuwa wamekaa kwa kujitanua, miguu juu ya viti vya mbele, walijikunja kama watoto wanaokwepa fimbo. Wanawake walijifunika leso. Ulikuwa mkono wa mwanamke, mrefu, mweupe kama tumbo la samaki, na kidoleni palikuwa na pete. Ulikuja taratibu juu ya vichwa vya watu wa mbele, ukazidi kuja, mpaka Nekoye akaiona mistari ya kiganja. Hakuinama. Aliinua mkono wake mwenyewe kama mtu anayepokea salamu, akakunja vidole ili aushike. Akashika hewa.

Moyo ulimdunda kwa furaha ambayo hakuwahi kuionja tangu aondoke kwao Bungoma. Akageuka amtazame mumewe, maana furaha ya namna ile ni nzito kuibeba peke yako. Joram Masinde alikuwa amekaa wima, miwani ya karatasi puani, akitafuna njugu. Alitazama mbele kwa utulivu wa mtu anayengoja gari moshi ambalo anajua litachelewa.

Hiyo ilikuwa Jumamosi alasiri, mwaka wa sabini na tatu, siku picha iliyoitwa Mjane wa Mnara ilipofika Kisumu. Ilikuwa picha ya kuogofya, ya ile aina isiyokaa ukutani bali hutoka na kuwafuata watu. Kila aliyeingia alipewa miwani ya karatasi ngumu, upande mmoja mwekundu, upande mwingine wa buluu, na kabla taa hazijazimwa meneja alisimama mbele akaonya.

"Msifunge jicho hata moja, tafadhali. Macho mawili ndiyo yanatoa picha nje. Ukitazama na jicho moja utaona picha ya kawaida tu, halafu uje kunisumbua mlangoni."

Watu walicheka, wakasahau. Mnara ulipokwisha kuungua, na mkono wa mjane kuzama tena majivuni, yalitokea maandishi. Karani mmoja aliyejua Kiingereza akawasomea wenzake: Mjane atarudi.

Nje, jua lilikuwa bado kali. Joram alikuwa mwendesha winchi gatini, ile mashine inayoinua mizigo kutoka melini na kuiteremsha nchi kavu, na watu wa kundi lake walimzunguka. Nyapara wao, Mzee Shitanda, akampiga begani.

"Mlimwona huyu? Mimi nilikaa nyuma yake. Watu wote chini, yeye juu. Huyu si mtu. Ni jiwe."

"Jiwe kabisa," alisema Ogola, jirani yao, ambaye kazi yake ilikuwa kusimama chini ya kulabu ya winchi na kupokea mzigo kwa mikono. "Mimi nimeingia mpaka chini ya kiti ya mama ya wenyewe. Nimemwomba msamaha huko huko."

Walicheka mpaka wakashikana. Joram naye alicheka, na tangu siku ile akaitwa Jiwe.

Walipokuwa wakirudi nyumbani, Nekoye alimuuliza, "Ule mkono, kwako ulifika wapi?"

"Ulifika pale pale."

"Pale wapi?"

"Pale kwa pazia. Ungefika wapi tena?"

Akadhani ni mzaha. Joram alikuwa na mizaha mikavu ya namna hiyo.

*

Mjane atarudi, lakini lini? Hakuna aliyejua, na kwa kuwa hakuna aliyejua, kila mtu alikuwa na habari. Walisema picha imeshafika Mombasa na inaogopwa na makuli. Walisema maofisa wa Nairobi wanaitazama kwanza, na kwamba mmoja wao alizimia akapelekwa nyumbani kwa gari la serikali. Walisema katika sehemu ya pili mjane hatoi mkono tu, anashuka mwenyewe na kutembea katikati ya viti. Nje ya sinema palibandikwa tangazo lenye neno moja, INAKUJA, na chini yake mkono. Mvua za masika zikalinyeshea tangazo lile mpaka neno likafutika, ukabaki mkono peke yake, ukiwaita wapita njia.

Nekoye aliingoja kuliko wote. Jioni, kabla ya wanawake kuinjika ugali, alikaa barazani mwa nyumba za kazini walizopewa watu wa gati, bintiye Nabalayo akiwa mapajani, akawasimulia majirani sehemu ya kwanza. Alijua kusimulia. Aliwapandisha ngazi za mnara moja moja, akawasikizisha mlango, akanyamaza pale pa kunyamazia. Awuor, mkewe Ogola, alikuwa msikilizaji wake mkuu. Kanisa la Awuor lilikataza sinema.

"Mimi sijaenda sinema," alisema kila mara, akisogeza kigoda karibu. "Nimekaa tu kwa baraza ya jirani. Endelea, Mama Nabalayo. Mkono ulikuwa wazi ama umefunga?"

"Wazi. Hivi."

"Basi huyo mama anadai. Mtu akinyosha mkono hivi, kuna kitu yake imechukuliwa. Mashemeji wamemnyang'anya boma."

"Wazungu hawanyang'anyani boma."

"Nani alikuambia?"

Wakaubishania mkono ule kama watu wanaobishania mpaka wa shamba. Mzee Shitanda, akipita, alisema mjane hakuzikwa vizuri, anataka mazishi. Mwingine akasema anataka mume. Nekoye hakusema alichofikiri. Alifikiri mjane hataki kitu. Aliona kwamba mjane alikuwa na kitu cha kutoa, na watu wote waliinama kabla hajakitoa.

Asubuhi nyingine alifuatana na Awuor kwenda Dunga, ufukweni kwa wavuvi, Awuor akanunue samaki wa ngege wa kukaanga na kuuza, yeye akanunue omena, dagaa wa ziwani, wa nyumbani. Ukungu ulikuwa haujanyanyuka juu ya ziwa. Mitumbwi ilikuja bila mlio. Kwanza palikuwa na weupe tu, halafu pua ya mbao ilitoka katika weupe ule, ikazidi kutoka, hata mtu akataka kurudi nyuma. Mbali kidogo visubi, vijidudu vya ziwani, vilipanda angani kama moshi wa moto usiokuwapo. Nekoye alisimama na karai lake kiunoni, maji yakimlamba miguu, akasahau alichotumwa na tumbo lake. Maisha yake yote alikuwa ameviona vitu kwa mbali: harusi za wengine, treni za kwenda Nairobi, taa za meli. Kitu kimoja tu kilikuwa kimetoka mahali pake kikamjia.

"Mama Nabalayo, omena wanakwisha," Awuor alimwita. "Huyo mzungu wako atakuja tu. Toka kwa maji."

*

Chai ndiyo iliyomwamsha Nekoye. Jioni moja Joram alichukua birika akamimina, na chai ikateremka safi mezani, upana wa kidole kando ya kikombe. Aliiacha ikamwagika kitambo kabla ya kusikia. Akacheka, akasema mkono umechoka. Kesho yake Nekoye alimwona akigusa kikombe kwa kidole kwanza, halafu akaegemeza mdomo wa birika ukingoni, halafu akamimina. Alifanya hivyo bila kufikiri, kama mtu aliyekwisha kuzoea.

Tangu hapo akaanza kuona. Aliona kwamba mumewe hukaa daima ukutani, ubavu wa kushoto ndani. Aliona kwamba Nabalayo akimjia upande ule, hushtuka anapoguswa. Siku moja akamwambia, "Shika," akamrushia kipande cha sabuni kutoka hatua chache. Joram alinyoosha mkono mahali ambapo sabuni haikuwapo. Ikampiga kifuani.

"Una nini leo?" alimuuliza.

"Nilidhani unatazama."

Alipokwenda kazini, Nekoye alisimama jikoni akafunika jicho moja kwa kiganja. Akajaribu kutundika mwiko kwenye msumari wake, msumari ambao huutundikia kila siku huku akiongea. Akakosa. Akajaribu tena, akakosa. Chumba kilikuwa kilekile, sufuria zilezile, lakini vyote vimekaa bapa kama vimebandikwa. Maneno ya meneja wa sinema yakamrudia polepole, na pamoja nayo njugu, na ule utulivu wa mtu anayengoja gari moshi. Mumewe hakuwa jasiri. Mkono haukumfikia.

Ikawa ajabu kwamba huzuni ya kwanza iliyomshika ilikuwa hiyo: kwamba walikaa bega kwa bega, na Joram hakuuona mkono ukitoka. Huzuni ya pili ilikuja mchana, alipompelekea chakula gatini. Winchi ilikuwa ikishusha fungu la magunia. Chini yake Ogola alisimama ameinua mikono, uso juu, kama anayeomba mvua. Fungu lilishuka vizuri, likasita, kisha kipande cha mwisho likashuka upesi kuliko ilivyotakiwa. Ogola aliruka kando. Magunia yakatua kwa kishindo pale alipokuwa.

"Jiwe," Ogola alipaza sauti, akijipangusa vumbi, "leo una haraka ya kwenda wapi?"

Wote wakacheka. Nekoye aliweka bakuli juu ya ukuta, akaondoka bila kuaga.

*

Alimngoja mpaka Jumapili baada ya ibada, mtoto akiwa amelala. Joram alikuwa akipiga viatu rangi.

"Baba Nabalayo, jicho la kushoto linaona?"

"Linaona."

Akasimama ubavuni mwake, akainua mkono. "Ni vidole vingapi?"

Joram hakugeuka. Aliendelea kupiga kiatu rangi mahali palepale, mpaka pakang'aa kuliko kiatu kizima.

"Usinifanye mtoto wa shule," alisema hatimaye.

Akamweleza, maneno yakitoka kwa shida. Kabla ya ile picha ya kwanza, waya wa winchi ulikatika nyuzi, kipande kidogo cha chuma kikaruka, kikamwingia jichoni. Mzee Shitanda alimuuliza, akajibu ni mchanga. Jicho likawa jekundu, likapoa, likawa zuri la kutazamwa na mtu yeyote. Ila mwanga ndani yake ulipungua, kama taa inayopunguzwa utambi, mpaka siku moja akajua imezimika.

"Kwa nini hukuniambia?"

"Ningekuambia ili ufanye nini? Nikisema, kesho nani anakaa kwa winchi? Na hapa tunapokaa ni pa nani?" Alionyesha kuta kwa brashi. "Hapa ni pa mtu wa winchi. Si pa Joram."

"Unashushaje?"

"Kwa kivuli. Kivuli ya mzigo ikikutana na mzigo yenyewe, umefika chini."

"Na siku ya mawingu?"

Joram alichovya brashi kwenye rangi. Nje watoto walikuwa wakiimba wimbo wa kuruka kamba.

"Ogola anasimama chini," alisema Nekoye.

"Unafikiri sijui nani anasimama chini?" Akaweka kiatu. "Nataka kukuomba kitu. Picha imekuja."

Nekoye alikuwa amezisikia habari hizo. Mji mzima ulikuwa umezisikia. Tangazo jipya lilikuwa limebandikwa siku ile ya Ijumaa, na watu walikwenda kulitazama tu, kama wanaokwenda kumtazama mtoto mchanga. Lakini hakujua hili ambalo Joram alimwambia sasa: kwamba Mzee Shitanda amepanga kundi zima likae pamoja Jumamosi ijayo, Jiwe katikati, waone kama safari hii litapasuka. Karani wa getini alikuwa amesema kwa utani kwamba asiyeona ndiye asiyeogopa. Watu walicheka. Joram hakulala vizuri tangu hapo.

"Nikikaa kama siku ile, mtu atafikiri. Wewe utakaa kushoto kwangu. Kitu kikitoka, nifinye mkono. Mimi nitashtuka."

Nekoye alimtazama mume wake, mtu mzima, mabega kama mlango, akiomba afundishwe kuogopa. Akakubali. Alikubali kwa sababu alimpenda, na kwa sababu ya mtoto aliyelala, na kwa sababu mtu hukubali kwanza ndipo akafikiri. Wiki ile walijizoeza, wamekaa kwenye ukingo wa kitanda wakitazama ukuta. Alimfinya, akashtuka. Mwanzoni alishtuka kama mtu aliyeng'atwa na siafu, Nabalayo akacheka hadi akaanguka. Kwa hiyo akajifunza kushtuka kidogo kidogo, kuvuta pumzi, kuinamisha kichwa. Ukuta ulikuwa wa chokaa, jua la magharibi likiuchezea. Wakati mwingine Nekoye alisahau kufinya, akabaki akiutazama ukuta ule kama kwamba kweli kitu kingetoka.

*

Jumamosi yenyewe foleni ilizunguka jengo. Waliovaa suti walivaa suti. Waliotoka Sondu na hata Port Victoria walikuwapo, wamekuja na mabasi ya asubuhi. Awuor alikuja mpaka mlangoni, akasema anamsindikiza mumewe tu, akabaki akichungulia giza la ndani hadi Ogola akamwambia aende nyumbani asije akaonekana na mchungaji.

Walikaa. Joram katikati, Nekoye kushoto kwake, Ogola mbele yao, Mzee Shitanda nyuma na shingo ndefu. Taa zikazimika, watu wakavaa miwani, na katika giza lile zikasikika pumzi za watu wengi waliongoja kwa muda mrefu.

Mjane alirudi mapema. Kunguru aliruka kutoka dirishani, akawajia, Nekoye akafinya. Joram akashtuka. "Eeh, Jiwe," Mzee Shitanda alinong'ona kwa furaha. Mshumaa ulirushwa, akafinya. Kioo kilipasuka, vipande vikaruka juu ya viti, akafinya. Kila mara Joram alishtuka vizuri, kwa kiasi, na kundi likachekelea nyuma yake, likapigana makofi ya mapaja. Mambo yalikwenda kama walivyopanga.

Ila Nekoye hakuwa akiitazama picha. Alikuwa akiilinda. Hakufuata nani amenunua ule mnara wala kwa nini mjane amerudi. Alitazama tu kitu gani kitatoka, na lini, ili awahi. Kile alichokingoja tangu masika kilikuwa kikimpita mbele ya macho kama mji unavyompita mtu aliyelala ndani ya gari. Na mkono wa mumewe ulikuwa umelowa jasho ndani ya wake.

Ndipo mkono ukatoka. Ulitoka juu safari hii, kutoka dari ya mnara, ukashuka moja kwa moja juu ya watu. Nekoye aliona kivuli chake kwanza, kisha vidole, kisha pete. Sinema nzima ililia kwa sauti moja ya chini. Mbele yake Ogola alijikunja, akaweka mikono yote miwili juu ya kichwa chake, utosi wake mwembamba ukiwa wazi katikati ya vidole. Alikuwa akijikinga na kitu ambacho hakikuwapo. Kile kilichokuwapo, kila siku ya kazi, alikingoja kwa uso uliotazama juu na kicheko.

Nekoye akauachia mkono wa mumewe.

Hakuamua, vidole vilifunguka. Watu wote waliinama, mstari kwa mstari, kama majani yanayolazwa na upepo, na katikati ya majani hayo Joram Masinde alibaki wima, anangoja kufinywa. Alitazama mbele. Kisha, kwa jicho lake zima, akaona vichwa vimelala. Akageuka akamtafuta mkewe upande asioweza kuona, na ilibidi ageuze shingo yote ili amwone. Joram alivua miwani ya karatasi, akaikunja, akaiweka juu ya goti, akakaa hivyo mpaka mwisho.

*

Nje kundi lilimzunguka tena.

"Ulianza vizuri," alisema Mzee Shitanda, "ukaanza kupasuka, halafu ule mkono mkubwa, kimya. Hata nyusi. Wewe umeumbwa na nini, Jiwe?"

Joram angeweza kucheka. Nekoye, aliyekuwa amesimama kando, alimwona akikaribia kucheka.

"Sikuona, Mzee," alisema. "Jicho hili limekufa. Limekufa siku nyingi."

Walingoja sehemu ya kuchekesha ya maneno yale. Ilipokosa kuja, Mzee Shitanda alivua kofia, akaivaa tena.

"Ile siku ya mchanga," alisema.

"Haikuwa mchanga."

Ogola ndiye aliyekuwa wa mwisho kuelewa, au wa kwanza, ila uso wake ulichelewa. Alimtazama Joram, akatazama juu, hewani, pale ambapo palikuwa na anga tu.

"Nina watoto," alisema kwa sauti ndogo. "Ulikuwa unaning'iniza hiyo kitu juu yangu, na unajua nina watoto. Unakula kwangu." Akamgeukia Nekoye. "Na wewe ulijua?"

"Nimejua juzijuzi," alisema Nekoye.

"Juzijuzi ni juzijuzi." Akaondoka.

Mzee Shitanda hakuwa mtu mbaya. Alimwambia Joram asije Jumatatu kwenye winchi, aje ofisini, na kwamba atasema neno jema. Neno jema likampatia kazi ya kufagia ghala na kushona magunia yaliyopasuka. Chumba hakikuwamo katika neno hilo.

Kabla hawajahama, alikuja mwanamke kijana, mke wa mwendesha winchi mpya, na utepe wa kupimia. Aliomba radhi sana. Alisema anataka tu kupima dirisha, kwa ajili ya mapazia. Nekoye alimshikia ncha ya pili ya utepe, kwa kuwa dirisha lilikuwa pana na mwanamke yule alikuja peke yake. Alipotoka, aliacha alama ya chaki ukutani, juu ya ile chokaa waliyokuwa wakiitazama.

Awuor hakuja barazani. Alipita na karai lake la samaki, akatazama mbele. Jioni wanawake waliinjika ugali mapema, na hakuna aliyeuliza mjane alikuwa akidai nini.

Joram ndiye aliyeuliza, siku moja, akiwa amekaa juu ya sanduku lililofungwa kamba.

"Iliishaje?"

"Nini?"

"Picha."

"Sijui," alisema Nekoye. "Nilikuwa nakutazama wewe."

Akalifikiri hilo. "Uliingoja sana."

"Niliingoja."

"Kwa nini uliniachia?"

Nekoye alikuwa ameliandalia swali hilo majibu mengi, na yote yalikuwa na Ogola ndani yake, na yote yalikuwa ya kweli. "Mkono ulichoka," alisema.

Joram aliitikia kwa kichwa, kama mtu anayeijua kazi.

*

Walihama Jumapili kwenda Nyalenda, chumba cha udongo kilichopakwa vizuri, choo cha pamoja. Joram aliazima mkokoteni. Kitanda kilikwenda juu, kimelala kwa ubavu, miguu ikitokeza nje pande zote. Sufuria ndani ya karai. Nabalayo juu ya godoro kama bibi harusi. Nekoye alitembea nyuma na taa mkononi. Majirani walisimama milangoni kwa ile heshima ya watu wanaofurahi kwamba si wao.

Visubi vilikuwa vimetoka ziwani kwa wingi siku ile. Vilining'inia juu ya barabara kama shela, na mkokoteni ukaingia ndani yake, ukawa kivuli, Joram akawa kivuli kinachosukuma kivuli. Hawakufika mbali. Mguu wa kitanda nusura umgonge mwanamke mwenye maji kichwani, upande wa kushoto. Mwanamke akasema maneno. Joram aliomba radhi, akasukuma, na gurudumu la kushoto likatumbukia ukingoni mwa mtaro. Kitanda kikaegama. Nabalayo akashika kamba.

Mtu alitoka kwenye visubi akalishika gurudumu, akaliinua kwa bega. Alikuwa Ogola, shati la kanisani juu ya mwili. Hakusalimu. Alishika mpini wa mkokoteni upande wa kushoto.

"Sijakusamehe," alisema.

"Najua," alisema Joram.

"Usifikiri nimekusamehe. Awuor amesema hii kitanda itaua mtu."

"Itaua."

"Basi sukuma."

Wakasukuma. Nekoye aliwafuata, akifukuza visubi usoni kwa leso, akisikia mlio wa ekseli na pumzi za wanaume wawili. Kisha sauti ya Ogola ikaja, bado na ukali wake.

"Jiwe mbele. Kubwa."

"Wapi?"

"Kwangu. Vuta kwako kidogo. Hapo."

"Hapo?"

"Hapo. Endelea."